Binti Yangu Anaogopa Kugusa Maziwa

Mama Kui mpendwa,

Naomba unisaidie kabla mwezi huu haujaisha, kwa maana shule zinafungwa na binti yangu amesema harudi nyumbani, na sababu ya kutorudi ninaijua mimi peke yangu, na imenikaa kifuani hata saa hii nikikuandikia hapa jikoni huku nikingojea chai ichemke. Majina yote nimebadilisha, hata la ng'ombe, kwa hivyo watu wa huku kwetu wasianze kunitafuta.

Tunaishi nyuma ya Salgaa, kwa zile farm zilizokuwa za wazungu zikakatwakatwa, mwendo wa nusu saa kwa miguu kutoka barabara ya malori. Mume wangu, Kemboi, anafanya kazi Olkaria kwenye visima vya mvuke na anakuja nyumbani kila baada ya wiki mbili, kwa hivyo tunabaki mimi, shemeji yangu Kipkemei ambaye ana bodaboda hapo Salgaa, mama mkwe wangu ambaye sote tunamwita Kogo, yaani nyanya, na Jepleting, kitinda mimba wangu, ana miaka kumi na tatu. Wakubwa wake wawili walishatoka kwenda kujitafutia. Kogo ni mwanamke wa nguvu, marehemu mzee alikuwa dereva wa malori ya Kampala akipotea miezi, na yeye alilea watoto na ng'ombe peke yake hapa kabla hata hakujakuwa na majirani. Mimi hajawahi kunitendea ubaya, hilo nataka ulijue kabla hujasoma mbele.

Jepleting ndiye alikuwa mtu wa ng'ombe. Tangu akiwa Gredi ya Tatu alikuwa anaamka kabla yangu, anachukua ndoo na maji ya moto, na kuna ng'ombe wetu mmoja mweupe, Chelel, huyo alikuwa hamwachilii mtu mwingine maziwa vile alikuwa anamwachilia yeye, hadi mwenye gari la maziwa alikuwa anamtania ati siku akiolewa itabidi ng'ombe naye afungiwe virago.

Sasa, Mama Kui, kwetu kuna mila. Mwanamke akiwa kwa siku zake hakamui, haingii zizini, hashiki sotet, kile kibuyu cha mursik, maziwa yetu ya kugandisha, na haruki kamba ya ndama. Kogo alinifundisha hivyo mwezi ule niliolewa, na hakunifundisha kwa ubaya, alisema ng'ombe anaweza kukauka maziwa, na tena alisema enzi zao hizo ndizo zilikuwa siku za mwanamke kupumzika, wenzake wanamkamulia na kumletea kuni. Nilikubali kwa sababu hata kwa mama yangu ilikuwa hivyo, na wakati huo kulikuwa na wifi yangu wa kunikamulia. Wifi alipoolewa nikabaki peke yangu, Kemboi yuko Olkaria, Kipkemei bado ni mtoto wa shule, Kogo vidole vinamuuma kwa baridi, ng'ombe analia amejaa maziwa na siku zangu zimefika, sasa ningefanya nini? Nilikamua. Nilikamua, nikangoja ng'ombe akauke, wiki ya kwanza, ya pili, wapi. Mwezi uliofuata nikakamua tena. Kogo alipoanza kushangaa mbona sipumziki hata siku moja, nilimwambia ati sindano ya kupanga uzazi imesimamisha siku zangu. Hiyo sindano sijawahi kudungwa. Ni miaka kumi na miwili sasa nakamua kila siku ambayo Mungu ameleta, na ile mursik ambayo Kogo anakunywa kila jioni akisifu mkono wangu, nimeitengeneza nikiwa katika hali zote.

Basi mwezi wa nne, wakati wa likizo, Jepleting alipata siku zake kwa mara ya kwanza. Alinifuata shambani nikipalilia mahindi, akaniambia polepole, na akaniomba kitu kimoja tu, nisimwambie mtu. Nilimkumbatia, nikampeleka ndani nikamwonyesha vile pedi inavaliwa, nikamwambia huo si ugonjwa, ni vile tumeumbwa. Halafu jioni hiyo hiyo nikamwambia Kogo. Hadi leo nashindwa kujieleza. Kwangu mwenyewe nilithubutu miaka yote hiyo, lakini ilipofika kwa mtoto niliingiwa na woga, nikajiuliza je, kama mimi nimepona kwa bahati tu?

Kogo alifurahi sana, akambariki kwa maneno mazuri, akamwambia sasa yeye ni mwanamke na asikanyage zizini mpaka amalize. Kesho yake Jepleting hakutoka na ndoo, aliyetoka nayo ni Kipkemei, maana Kogo alimpa yeye Chelel, mimi nikabaki na ng'ombe wengine, na kufika saa moja mwenye gari la maziwa alikuwa anauliza leo msichana yuko wapi, na Kipkemei akacheka. Mtoto aliniomba nisimwambie mtu hata mmoja, na kabla ya chai ya asubuhi boma lote lilikuwa linajua, mpaka mtu wa gari. Alishinda kitandani amejifunika blanketi hadi kichwani.

Kipkemei alikamua siku tatu, akili yake iko stejini kwa wateja wa asubuhi, anavuta kidogo anaondoka. Siku ya nne nikiwa nimeenda kuchota maji, Chelel alianza kulia, na Jepleting akashindwa kuvumilia, akaingia akamkamua ili ampunguzie uchungu. Kogo alimkuta hapo ameegemeza kichwa kwa ubavu wa ng'ombe, mikono yote imelowa maziwa. Siku iliyofuata kiwele kikafura upande mmoja, kikawa moto, na maziwa yakatoka na damu.

Kogo alimwita Jepleting mbele yetu sote, Kipkemei akiwepo, akamwambia, "Angalia mikono yako imefanya nini." Hakupiga kelele, Mama Kui, alikuwa analia, maana Chelel ni wa uzao wa ng'ombe aliokuja nao akiolewa. Mtoto aliangalia mikono yake, kisha akaniangalia mimi. Nilikuwa nimesimama hapo na karai la maji ya moto. Niliinama nikaendelea kukanda kiwele.

Mchana daktari wa mifugo, Wamalwa, alikuja akapima, akanivuta kando akaniuliza ni nani amekuwa akikamua wiki hiyo, nikamweleza. Akasema ugonjwa huo haukuanza jana, ulikuwa na siku tatu au nne, maziwa yameachwa ndani ya kiwele na anayekamua haoshi mikono. Akaniambia, "Kama huyo msichana hangemkamua jana, mngepoteza kiwele chote." Nilimshukuru nikamsindikiza hadi kwa pikipiki yake, na hayo maneno nikayameza. Ningeyasema ningemwaibisha shemeji, ningempinga Kogo mbele ya watu, na wangeniuliza wewe umejuaje kwamba hedhi haidhuru ng'ombe. Chelel alipona, ni chuchu moja tu iliyokufa.

Shule zilipofunguliwa Jepleting aliomba kwenda kukaa na dadangu Sally kule mjini, Bondeni, ambaye anauza mboga, akahamia shule ya huko. Nilimruhusu nikidhani atasahau. Sasa Sally ananiambia mtoto hanywi chai ya maziwa, ni ya rangi tu. Akitumwa maziwa dukani anashika pakiti na karatasi. Anaosha mikono na sabuni ya unga mpaka ngozi imepasuka katikati ya vidole. Jumapili nilimpigia simu nikamwambia tumemkosa, arudi shule zikifungwa, akasema, "Mama, nihesabie siku. Kama zitaangukia huko, wacha nikae kwa anti."

Na mimi, badala ya kumwambia kitu cha maana, nikamwambia nitahesabu. Nimehesabu, na zinaangukia huko. Sasa nifanye nini, nimwache akae Bondeni mpaka apone mwenyewe, au nimlete nyumbani nimwombe Kogo amwonee huruma, au niseme ukweli wote nivunje nyumba ambayo nimekaa vizuri miaka hii yote? Nimechoka, Mama Kui. Nampenda mtoto wangu na sijui nianzie wapi.

Mama Jepleting,
Salgaa

*

Mama Kui anajibu:

Pole, mama. Barua yako imefika na doa la chai pembeni, kwa hivyo nadhani ilichemka ikamwagika ukiandika. Nimeisoma mara mbili.

Wacha nianze na lile ambalo sitakugombeza. Mwanamke aliyeingia zizini na woga wake, akakamua akingoja ng'ombe amkaukie, na kesho yake akaingia tena kwa sababu hakukuwa na mtu mwingine, huyo mimi namvulia kofia. Hata ule uongo wa sindano naelewa ulikotoka. Ulitaka amani na ulitaka maziwa, na ulivipata vyote viwili.

Lakini lile karai, mama. Hapo lazima nikuseme. Mtoto alikuangalia wewe. Hakumwangalia Kogo, hakumwangalia Kipkemei, alikuangalia mtu aliyemwambia siku chache kabla kwamba hivi ndivyo tumeumbwa, akingoja urudie maneno hayo hayo watu wakisikia. Ukainama. Na daktari alipokuletea ukweli mkononi, bila wewe kuuomba, ukauficha. Umeniandikia kurasa nne na hakuna mahali umesema umemwambia Jepleting vile Wamalwa alisema. Miezi minne! Yaani daktari wa ng'ombe anajua mtoto wako hana hatia, mimi huku gazetini najua, wasomaji wangu sasa wanajua, mwenyewe ndiye hajui?

Unauliza umwache apone mwenyewe. Apone nini? Mtoto huyo si mgonjwa, amebebeshwa kosa la watu wazima na analibeba kwa adabu kwa sababu ulimlea vizuri. Unauliza umwombe Kogo amwonee huruma. Huruma huombewa aliyekosa. Jepleting aliokoa ng'ombe.

Na kwa kuwa wako wanaosoma wakiwa bado na wasiwasi, niseme wazi: hedhi haiingii kwenye maziwa, haiingii kwenye kibuyu, wala haipiti kwenye vidole kwenda kwenye kiwele. Kilichomwumiza Chelel ni maziwa yaliyoachwa ndani na mikono isiyooshwa, na mikono hiyo ilikuwa ya mtu ambaye hajapata hedhi hata siku moja maishani mwake.

Mimi nimekulia hapo Bondeni unapomtaja dada yako, kwenye nyumba za kaunsili. Hatukuwa na ng'ombe, lakini tulikuwa na yetu. Vitambaa vya siku zile vilikuwa havianikwi nje, vinakaushiwa chini ya godoro, na chini ya godoro hakuna kitambaa kinachokauka, wewe unajua. Nilipata vidonda, nikanuka, nikaamini huyo ndiye mimi. Nilikaa nyuma kanisani miaka miwili. Kumbe kwenye chumba chetu kimoja tulikuwa wanawake wanne na kila mmoja alikuwa na chake chini ya godoro, na mama yangu, mwanamke mpole ambaye angeninunulia dunia kama ingekuwa sokoni, hakuwahi kuniambia, "Hata mimi." Angesema maneno hayo mawili tu. Bado namlilia kwa hilo na alishazikwa.

Kwa hivyo hii ndiyo kazi yako. Leo, si kesho, mpigie simu Kemboi. Barua yako nzima baba yuko Olkaria kama vile huko hakuna mtandao. Ni mtoto wake, mwambie yote, pamoja na la sindano, ili asije akalisikia kwa Kipkemei. Na umwombe wiki ya kwanza ya likizo hii awe nyumbani.

Kisha nenda Bondeni mwenyewe siku shule zinafungwa. Usimtumie nauli, usimwachie Sally aseme, na usiseme kwa simu, simu ni rahisi mno kukata. Lala hapo. Pitia duka la dawa umnunulie mafuta ya hiyo mikono, umpake wewe mwenyewe, kidole kwa kidole, na wakati huo ndio uongee. Mwambie daktari alisema nini, neno kwa neno. Mwambie kuhusu miaka yako kumi na miwili. Atashangaa, pengine atacheka, pengine atakukasirikia sana na kukuuliza mbona. Mpe nafasi ya kukasirika. Akiendelea kujiosha hivyo hata baada ya kujua, usingoje, mpeleke hospitali azungumze na mshauri wa vijana, wako, na hakuna aibu hapo.

Mrudishe nyumbani tarehe yoyote. Hiyo kalenda uliyohesabia iondoe ukutani ukitaka, lakini nyumbani kwake ataingia akiwa vile alivyo siku hiyo.

Kabla hajaingia kwa Kogo, ingia wewe. Anza na uongo wako, usianze na kosa lake. Mwambie, "Mama, sindano haikuwepo," na umweleze kwa nini. Ndipo umpe ya daktari. Ataumia, na huenda akaikataa mursik yako kwa wiki kadhaa, au kwa mwaka. Ana haki, amenyweshwa asichokubali, na kwake hilo si jambo dogo. Vumilia, uendelee kumpelekea kuni na maji kama kawaida. Huyu si adui yako. Alimbariki mjukuu wake kwa moyo wote, na alilia kwa sababu aliogopa kupoteza kitu alichoshika maisha yake yote. Lile la wanawake kupumzika na kuletewa kuni ni jema, libakisheni. Mtoto akiumwa tumbo apumzike, na asipotaka asipumzike, lakini aamue yeye, na asitangaziwe mwenye gari la maziwa.

Na kuna swali moja limenijia nikisoma, sitaki kulikalia. Umesema mzee wenu alikuwa akienda Kampala miezi, watoto wadogo, majirani hakuna. Nani alikuwa anamkamulia Kogo? Sisemi kwamba amedanganya mtu, simjui. Nasema ukishamaliza kusema lako, unaweza kumuuliza kwa sauti ya chini, kisha ungoje. Wanawake wengi wamekaa na mambo haya peke yao kwa sababu hakuna aliyetangulia kuyasema.

Kipkemei mwachie Wamalwa. Mwite daktari aje amwonyeshe vile mikono inaoshwa na vile kiwele kinamalizwa mpaka tone la mwisho, mwanaume kwa mwanaume, na umwambie aombe radhi kwa kile kicheko. Ataona haya siku mbili halafu arudi stejini. Kijana mzima hawezi kufa kwa aibu ya siku mbili.

Usimharakishe Jepleting kurudi zizini. Usimwambie njoo ukamue tuone, kana kwamba bado ana jambo la kuthibitisha. Akitaka ataenda. Asipotaka tena ng'ombe maisha yake yote, ni sawa pia, mradi amekataa kwa kupenda na si kwa kuogopa mikono yake.

Najua la kusema na Kogo ndilo unaloliogopa, lakini mimi naona gumu zaidi liko Bondeni. Ukifika pale utataka kuanza kwa kueleza: shemeji, mama mkwe, heshima, nyumba. Hayo yote ni kweli na mtoto hayahitaji usiku wa kwanza. Mwambie hivi, "Nilijua si wewe, na nikanyamaza." Hapo ulimi utakuwasha kuongeza neno lakini. Usiliongeze. Nyamaza umsubiri yeye aseme.